Mnyororo wa Jikoni kwa Bibi Mkubwa

Stuttgart, 4 Novemba 1973

Bibi yangu,

Nakubusu mkono wa kulia na kuuweka kwenye paji la uso wangu. Sisi huku ni wazima. Rahmi amepata zamu ya mchana. Mimi bado niko kwenye mashine ya soksi, ila siku hizi msimamizi ananiruhusu kuketi, na sababu ya kuniruhusu ndiyo habari yenyewe: Bibi, nina mimba. Natarajia kujifungua Aprili, inshallah.

Mtoto akiwa wa kiume, Rahmi amekwisha kumchagulia jina la marehemu baba yake. Akiwa wa kike, kuchagua ni kwangu, nami nimechagua. Nataka aitwe jina la Bibi Mkubwa, mama yake babu, yule aliyeifanya Tashgoze ikawa kijiji. Huku kila mtu ananiuliza natoka wapi. Nikisema Uturuki, wanasema mbona macho yako ya kijani. Nikisema sisi ni Wacherkesi, wazee wetu walifukuzwa Kaukazi wakahamia Uturuki, wananiuliza basi kwenu hasa ni wapi. Ninashindwa kuwajibu. Nataka mtoto awe na jina la mtu ambaye swali hilo halikumshinda.

Tatizo ni kwamba silijui jina lenyewe. Nimemwandikia baba Ankara, anasema tangu utotoni alisikia "Bibi Mkubwa", basi. Kwenye kaburi hakuna jina, ipo alama ya ukoo tu, ile ya kuchomea farasi. Serikalini ameandikwa Fatma, na baba anasema hakuwa Fatma hata siku moja. Umebaki wewe peke yako unayelijua. Niandikie mapema, maana hospitali za huku zinataka jina mtoto akiwa bado hajafungua macho.

Mjukuu wako,
Nurhayat


Tashgoze, 2 Desemba 1973

Nurhayat,

Barua yako imefika imelowa, maana Ridvan aliibeba kwenye kapu moja na mtindi. Yeye ni mwenyekiti wa kijiji lakini kubeba barua hajui. Nimeikausha juu ya jiko, nimeisoma mwenyewe bila kusomewa, na ninakwambia mwandiko wako umeharibika tangu uende kwa hao Wajerumani. Mimi nilijifunza kuandika nikiwa na watoto watatu mgongoni na miguuni, na herufi zangu zimesimama wima. Zako zimelala kama walevi.

Kuhusu mimba, Mungu aikuze. Usinyanyue ndoo. Usikae penye upepo wa dirisha. Soksi zao waache wavae zilizotoboka. Mkwe wa Ridvan anayefanya kazi Munich atakuletea jibini la moshi. Kula wewe, usianze kugawa jengo zima kama ulivyogawa lile la mwaka jana.

Kuhusu jina, umeniuliza kitu ambacho mtoto niliyemlea mimi hakutakiwa kukiuliza. Bibi Mkubwa kwako ni bibi. Kwangu ni mavyaa, mama wa mume wangu, na mimi ni mkaza mwana wa nyumba yake mpaka nife. Mkaza mwana wa Kicherkesi hataji jina la mumewe, wala la bavyaa, baba wa mume, wala la mavyaa. Nimeishi na babu yako, nimemzalia, nimemzika, na jina lake halijapita kinywani mwangu. Nikimhitaji nilikuwa nagonga kifuniko cha chungu, na alikuja upesi kuliko waume wa hao wanaopiga kelele.

Hilo jina la Fatma nitakueleza lilikotoka. Karani alikuja kuandika watu, wanaume wako mashambani. Akasimama mlangoni akauliza mama wa nyumba anaitwa nani. Tulikuwa wakaza wana watatu. Tukatazamana, tukainamisha vichwa. Mavyaa mwenyewe Kituruki kilikuwa hakimwingii. Karani akaona tunamdharau, akaandika Fatma, akamaliza chai yetu akaenda. Usimpe mtoto jina lililotokana na hasira za karani.

Kama unamtaka Bibi Mkubwa, nitakupa habari zake. Ulizisikia ukiwa mdogo, lakini ulikuwa unasinzia kwenye paja langu, na najua umezipata nusu.

Alipanda meli akiwa mtoto, mwaka ule askari wa mfalme wa Warusi walipowasukuma watu wetu mpaka baharini. Mama yake alifia njiani wakamtupa majini. Ndiyo maana samaki hakuingia nyumba hii. Wakashuka Samsun, wakapanda magari ya ng'ombe, wakaletwa huku Uzunyayla kwenye baridi ya kupasua mawe. Baba yake alipewa mahali kule ng'ambo ya mlima, na ukoo wa babu yako ukapewa hapa Tashgoze. Nyika hii ilikuwa malisho ya wafugaji Waafshari, nao walikasirika, na haki ya kukasirika walikuwa nayo. Nani anapenda kurudi na kondoo wake akute watu wanakata udongo wa matofali mahali anapopiga hema?

Lakini ugumu wenyewe haukuwa wa Waafshari. Ulikuwa wa wazee wetu. Walikuwa wanasema: tunapumzika tu, mwaka ujao tunarudi. Wakajenga nyumba bila msingi. Hawakupanda mti, kwa sababu nani atakula matunda yake? Kila nyumba ilikuwa na furushi mlangoni, limefungwa kamba vilevile kama lilivyoshuka melini, na ndani ya furushi umo mnyororo wa jikoni. Huko kwa Wajerumani mna majiko ya umeme, nitakukumbusha: mnyororo ule wa kutundikia chungu juu ya moto ndio nyumba. Mahali unaponing'inia, hapo ndipo kwenu. Basi wao walikuwa wanapika kwenye mawe matatu kama wasafiri, mwaka baada ya mwaka, watoto wanazaliwa na kufa, mnyororo uko kwenye furushi.

Mavyaa akaletwa hapa bibi harusi. Akavumilia mpaka alipojifungua babu yako. Siku moja ya theluji, wanaume wako zizini, akafungua furushi la bavyaa wake. Akatoa mnyororo, akautundika kwenye boriti, akatundika chungu cha shaba, akapika ugali wa uwele. Kitambaa cha furushi akamfungia mtoto.

Bavyaa akaingia na farasi wake nyuma, hatamu mkononi. Akaona. Sasa angemgombezaje? Bavyaa na mkaza mwana hawasemezani. Akasimama, uso umemwiva, mwisho akageuka akamwambia farasi: "Nani aliyekwambia wewe tumefika?"

Mavyaa naye hakumtazama. Akamwambia mtoto kwenye bembea: "Mwanangu, mwambie babu yako farasi amezeeka, na ugali unapoa."

Bavyaa alisimama pale mlangoni, theluji inaingia ndani, mpaka farasi mwenyewe akachoka. Kisha akaketi, akala. Kesho yake nyumba ya pili wakafungua furushi lao, na ya tatu. Theluji ilipoyeyuka bavyaa akapanda mjozi, ule ule uliokuangusha ukavunja jino. Hiyo ndiyo historia ya Tashgoze, na yeyote atakayekwambia kijiji hiki kilianzishwa na wanaume waliopanda farasi, mwambie wao walikuwa wanapita tu.

Habari nimekupa. Jina sikupi. Usiniulize tena.

Bibi yako


Stuttgart, 28 Desemba 1973

Bibi yangu mpenzi,

Jibini limefika. Nimempa kipande jirani mmoja tu, Sabine, maana alibisha hodi kuuliza ni nini kinachoungua.

Barua yako nimeisoma mpaka Rahmi akaniuliza nalia nini. Lakini Bibi, naomba unisamehe, nitauliza tena. Hao wote uliowafungia mdomo hawapo. Babu hayupo, bavyaa wako hayupo, yeye mwenyewe hayupo. Nani atakayesikia? Ukiondoka nalo, jina limekwisha duniani. Atabaki Fatma wa karani.

Na nitasema jambo ambalo limenisumbua, usikasirike. Kama umelisahau, niambie tu. Si aibu, umri ni umri. Au kama mlikuwa hampatani na hutaki lirudi nyumbani, nitaelewa pia, mama mkwe ni mama mkwe. Lakini usinifiche nyuma ya adabu.

Rahmi anatania kwamba tukikosa, tutamwita Sabine. Mimi sicheki.

Nurhayat


Tashgoze, 15 Februari 1974

Mwanangu Nurhayat,

Ni mimi ami yako Ridvan. Shangazi hajui kama nakuandikia, naye ameapa kunivunjia fimbo kichwani nikikuandikia.

Sijui ulimwandikia nini. Tangu barua yako ya mwisho hajakaa sawa. Mara ya kwanza aliposoma aliniambia, "Huyu mtoto anadhani akili zimeniruka," akaikunja, akaiweka chini ya mto. Kisha akaenda kwa imamu wakagombana. Wiki iliyopita akaamka, akakaanga haluji, zile sambusa zetu za jibini, sahani nzima, akavaa viatu vya marehemu babu yako, akapanda makaburini. Theluji ilikuwa imefika magotini. Sisi tulijua yuko kwa jirani. Kondoo waliporudi jioni ndipo tukamkuta, ameketi kando ya kaburi la Bibi Mkubwa, sahani haina kitu, mabega yote meupe. Nikamuuliza shangazi unafanya nini hapa. Akasema, "Nina mazungumzo."

Sasa anakohoa kifua kizima. Mganga wa zahanati alikuja, akafukuzwa. Anakaa dirishani mchana kutwa anashona, na mtu akiingia anaficha chini ya shali. Mke wangu amechungulia. Ni kitambaa cheupe, mwanangu. Tunadhani anashona sanda yake.

Ukiweza kuja, njoo. Usipoweza, mwandikie jambo la kumfurahisha, na hilo la jina liache.

Ridvan


Tashgoze, 3 Machi 1974

Nurhayat,

Ridvan ni mbeya. Ameniletea telegramu yako ya kunililia mbele ya mkewe na watoto wake wote, kumbe alikwisha kukuandikia. Sanda! Sanda yangu iko tayari kwenye sanduku tangu alipokufa babu yako, na nimeipiga pasi. Mimi si mtu wa kushona sanda dakika za mwisho. Nilikuwa na kikohozi kidogo, nimekunywa maziwa na asali, kimekwisha. Usiache kazi. Usipande ndege na tumbo hilo.

Sasa nikujibu matusi yako, moja moja.

Sijasahau. Nimesahau nilikoweka miwani, nimesahau jina la waziri mkuu, hilo sijasahau.

Na kwamba hatukupatana, nani alikwambia? Nilikuja nyumba hii sijui hata kukanda unga wa kutosha watu wote. Mwaka wa kwanza aliamka kabla yangu kila asubuhi akawasha moto, kisha akarudi kulala, ili watu wakiamka waone moto umewashwa na mimi. Hakuniambia. Nilimkuta siku moja. Ndiye mtu unayetaka nimvunjie heshima kwa sababu amekufa? Aliye hai anaweza kujitetea.

Utauliza nimelijuaje jina kama hakuna aliyelitaja. Alikuwa na kaka yake kule ng'ambo ya mlima. Kila vuli, baada ya mavuno, alikuja kumtazama, na kabla hajashuka kwenye farasi alimwita kwa sauti toka uani. Mavyaa alikuwa mkali, unajua, sote tulimwogopa. Lakini akisikia ile sauti anaacha kila kitu. Namwona hivi sasa, mikono ina unga mpaka viwiko, amesimama katikati ya jiko kama msichana aliyeitwa kucheza. Kisha mwaka mmoja kaka hakuja. Wakaleta habari. Baada ya hapo aliishi mpaka uzee, watoto wanamwita mama, wajukuu wanamwita Bibi Mkubwa, sisi wakaza wana hatumwiti kitu, na kila vuli alikuwa anakaa uani bila kazi mkononi, yeye ambaye hakuwahi kukaa bila kazi.

Nimelifikiria hilo tangu barua yako.

Nilimwendea imamu. Akaniambia dini haikatazi mtu kutaja jina la mama mkwe. Nikamwambia sikukuuliza dini, nimekuuliza adabu. Akasema hayo ni mambo ya wanawake. Basi nikaenda kwa mwanamke mwenyewe. Nilimpelekea haluji, nyingine nikala mimi, za kwake wakala ndege. Nikamweleza kwamba uko ugenini, una tumbo, unalitaka jina lake, na kwamba una kichwa kigumu na kichwa hicho kimetoka kwake si kwangu. Nikamwambia: mimi sitafungua mdomo, mavyaa, unanijua. Lakini ulipotundika mnyororo nawe hukufungua mdomo.

Hakunijibu. Hakukataa pia. Nilingoja nione kama atakataa, ndiyo maana nikakawia, na Ridvan akafanya msiba.

Kitambaa anachokuletea mkwe wa Ridvan ni kile cha furushi. Ndicho kilichovuka bahari, ndicho alichofungiwa babu yako, na baba yako, na wewe ulikikojolea. Nimekifua. Kwenye pembe nimedarizi kwa uzi wa dhahabu, kwa mkono uleule alionifundisha yeye, mshono kwa mshono. Sindano si ulimi. Ukipata mvulana, kitunze, usiseme chochote. Ukipata msichana, soma pembe ya kitambaa kwa sauti, wewe ni damu yake, wewe unaruhusiwa.

Herufi za dhahabu nazo zimesimama wima. Utaona.

Bibi yako


Stuttgart, 22 Aprili 1974

Bibi,

Goshemaf.

Amezaliwa alfajiri ya jana, mzito, ana nywele kama kofia ya manyoya. Muuguzi aliniuliza jina na mimi nikamwonyesha kitambaa. Akaandika, akakosea, nikamfanya aandike upya mpaka akalipata. Sikutaka mwingine aponzwe na karani.

Rahmi alikuwa mtu wa kwanza kumwita. Wa pili mimi. Sabine anamwita kwa pua, lakini anajitahidi. Bibi, kuna watu wanaolitaja jina hili Stuttgart, kwenye ngazi, wakiwa na mifuko ya viazi mkononi.

Sikujua. Kuhusu kaka yake, kuhusu moto wa asubuhi. Nisamehe niliyoyaandika.

Nurhayat


Tashgoze, 19 Mei 1974

Nurhayat,

Nimepata. Nimechinja kuku wawili nikawapikia kwa mchuzi wa jozi, wamekula mpaka wale wasionipenda. Picha nimeiweka ukutani. Nywele hizo ni zake kweli.

Kukusamehe nimekusamehe. Lakini umeniweka pabaya, na naona hukulifikiria hilo. Kijiji kizima wananiuliza kitukuu anaitwa nani, na mimi nawaonyesha picha. Ridvan anafikiri simpendi. Ridvan akifikiri, mambo huharibika.

Mnyonyeshe mpaka atakapokataa mwenyewe.

Bibi yako


Stuttgart, 12 Oktoba 1975

Bibi yangu,

Tumefika salama. Nimeingia chumbani nimekuta kiatu kimoja cha mtoto chini ya kitanda, na nimekaa nacho mkononi mpaka saa ya zamu.

Najua ulisema ni wewe uliyetaka tumwache, kwamba mtoto anahitaji hewa na si ngazi za zege. Lakini ukweli ni kwamba msimamizi hakuturuhusu tena kubadilishana zamu, na mlezi hatuna. Kila mtu katika jengo hili amemwacha mtoto kijijini. Tunaambizana ni mwaka mmoja tu, kisha tunarudi. Juzi nilimsikia Rahmi akisema hivyo, na nikaona masanduku yetu juu ya kabati, bado tumeyafunga kamba. Nikamkumbuka yule mzee na farasi wake.

Nakuomba kitu kimoja. Wiki zile mbili nilizokaa hapo sikukusikia ukimwita hata mara moja. Unamwita Kifaranga, unamwita Mgeni, unamwita We Binti, unagonga kifuniko cha chungu. Naelewa. Lakini mimi sipo wa kumwita, na watoto wa Ridvan wanafuata unavyomwita wewe. Atalisahau. Tutarudi atakuwa Kifaranga, na jina litakuwa limebaki kwenye kitambaa tu. Sikulazimishi. Nakuomba.

Mama yake,
Nurhayat


Tashgoze, 11 Aprili 1976

Nurhayat,

Kaa chini kwanza. Mtoto ni mzima. Ninapoandika haya anakula, ameuweka ugali kwenye nywele. Nimekwambia kwanza ili usisome barua kwa kuruka.

Barua yako ya Oktoba sikuijibu jambo lile. Nilikujibu mambo ya sweta na chanjo. Nilisema moyoni, nyumba ina watu wengi, watamwita wao. Lakini ulikuwa na haki. Wakamwita Kifaranga wote, hata mbwa angejua kusema angemwita Kifaranga. Mke wa Ridvan alisema jina ulilompa ni refu mno. Mimi nikanyamaza, nikajiambia mdomo wangu ni safi.

Juzi theluji ya mlimani iliyeyuka kwa pamoja. Unakijua kijito chetu, kiangazi hakilowanishi hata kifundo cha mguu. Juzi kilikuwa kinavuma kama kinu, kimebeba matawi na mawe. Tulikuwa tunaanika sufu uani. Mabinti wadogo wa jirani walikuwa wanacheza naye pale, wanne watano, kelele tupu. Nikainama kuchukua kikapu, nikainuka, wako kasoro mmoja.

Alikuwa amekwisha kufika kwenye ubao wa kuvukia. Umesimama katikati ya maji, ule ubao, unatetemeka, na yeye yuko juu yake anatazama chini, ameshika kijiti, anataka kuvua kitu. Nilikwenda hatua chache nikaanguka kwenye sufu.

Nikamwita. We Binti! Wakageuka mabinti wote wa jirani, yeye hakugeuka, kila binti kwangu ni We Binti. Kifaranga! Maji yalikuwa yanavuma, naye alifikiri ni mchezo, maana nikimwita Kifaranga huwa namkimbiza. Akacheka, akapiga hatua nyingine, mbele. Kifuniko cha chungu kilikuwa jikoni.

Basi nikaliita.

Goshemaf.

Sikulisema. Nililipiga kelele, kwa sauti ambayo sikuijua kama ninayo, sauti ya mwanaume aliye juu ya farasi. Ridvan alinisikia kutoka msikitini. Na yule mtoto, aliyesahau jina lake kama unavyodai, akaacha kila kitu. Kijiti kikaanguka majini. Akasimama wima, akageuka, mikono imekaa hivi kando, vidole wazi, na nakwambia Nurhayat, nilikuwa nimeuona usimamaji ule. Niliuona jikoni kwangu nikiwa mke mpya, kila vuli.

Akarudi akiufuata ubao taratibu, kwa sababu nilikuwa naendelea kumwita. Sikuweza kunyamaza. Nilimwita mpaka akafika mapajani mwangu, na alipofika nikaendelea. Wanawake wakaja wakanikuta kwenye sufu, nimemkumbatia, nataja jina la mavyaa wangu mbele ya jua na watu. Mke wa Ridvan akaziba mdomo kwa kiganja. Nikamwambia afunge na masikio kama hapendi.

Jioni nilipanda makaburini. Safari hii nilimwambia Ridvan, akanipeleka na trekta. Nilikwenda kuomba radhi, nimepika na haluji. Nilifika, nikaketi, nikatafuta la kusema. Halafu nikawaza kwamba kama amesikia, na kwa kelele zile lazima amesikia, basi amelisikia jina lake likiitwa toka uani baada ya miaka yote hiyo. Nikaona radhi siombi. Tukala.

Kesho yake nilitoa mnyororo, maana tangu Ridvan atuletee jiko la gesi ulikuwa stoo umefungwa kwenye gunia. Gesi yake naiachia chai. Nimeutundika kwenye boriti ileile, na ugali wa leo nimeupikia juu ya moto. Nanyi fungueni kamba za hayo masanduku, hapo mlipo. Mkija huku mtayafunga tena, kwani kamba ni ghali? Mtoto nitawaletea mwenyewe vuli, baada ya mavuno, Ridvan atanipandisha kwenye basi. Tafuteni mlezi, au mimi ndiye mlezi. Ngazi za zege nitazipanda, nimepanda vibaya zaidi.

Mara ya kwanza kuliita kuliniuma koo. Mara ya pili nilimwita kuja kula. Leo asubuhi nimemwita bila sababu yoyote, kusikia tu. Alikuja.

Na mimi ninaitwa Hanife, binti wa Yakub. Andikeni mahali, msije mkahangaika.

Hanife